Kutembea Kyoto halafu kuingia darasa la mapishi ya Kijapani siku hiyo hiyo: maswali mnayoniuliza kila mara

Mimi ni wa Tanga, nimekaa Kyoto miaka sita sasa, na kila ndugu au rafiki wa rafiki akija Japani namba yangu anapewa. Maswali yanajirudia sana, kwahiyo nimeamua kuyajibu yote hapa, ukikuta lako halipo basi lipo ndani ya jibu la mwenzio.

Dada hii kitu inakuwaje hasa, ni matembezi au ni darasa?

Ni vyote viwili, siku moja. Asubuhi mnakutana na mwongozaji sehemu mliyokubaliana, mnatembea kwa miguu kama masaa mawili kwenye mitaa ya zamani, mnamalizia sokoni, halafu kutoka sokoni mnaingia jikoni kwa mwalimu, mnapika, mnakaa chini mnakula mlichopika. Kwa jumla masaa matano hivi. Kundi huwa dogo, watu sita mpaka nane, jikoni zenyewe ni za nyumbani hazibebi watu wengi.

Si bora nichukue darasa tu, matembezi nitajitembeza mwenyewe na ramani ya simu?

Unaweza, hamna anayekukataza. Ila hili ndo swali ninalopenda kulijibu kuliko yote, naomba univumilie nieleze kwa urefu.

Chakula cha Kijapani cha nyumbani kinasimama juu ya kitu kimoja kinaitwa dashi. Dashi ni supu nyepesi, imekaa kama maji ya rangi ya dhahabu hafifu, na ndiyo inayoingia kwenye supu ya miso (soya iliyosagwa ikachachushwa), kwenye mayai, kwenye mboga za kuchemsha, kwenye mchuzi wa tambi, kila mahali. Mtu wa pwani ataelewa haraka nikisema ni kama tui. Kwetu ukitaka kujua mpishi, onja tui lake, kama tui limekatika hata samaki awe mzuri vipi mchuzi umeharibika. Huku wanaonja dashi.

Sasa dashi inatengenezwa na vitu viwili vikavu, kombu ambao ni mwani mpana mnene unaotoka baharini huko Hokkaido kaskazini, na katsuobushi ambao ni samaki wa jamii ya jodari aliyechemshwa, akafukizwa moshi mara nyingi, akakaushwa kwa miezi mpaka akawa mgumu kama kipande cha mninga. Ukiingia darasani moja kwa moja utaletewa bakuli lina kipande cheusi na pakiti ya vitu kama maranda, utaambiwa tia hiki toa hiki, utafanya, utakula, jioni umeshasahau. Lakini ukipita sokoni kwanza unakuta duka ambalo linauza katsuobushi tu, mzee kaweka kipande kizima mezani, anakipitisha juu ya kiboksi chenye kisu kilichogeuzwa, yani randa ya seremala kabisa imepinduliwa, na chini kwenye droo zinadondoka nyuzi nyembamba za rangi ya waridi zinanuka moshi. Nilivyoona mara ya kwanza nilidhani anachonga mbao. Anakupa kipande unaweka ulimini kinayeyuka. Saa moja baadae ukiwa jikoni unamwaga zile nyuzi kwenye sufuria unajua unamwaga nini, imetoka wapi, na kwanini bei yake iko vile. Kwangu mimi hapo ndo darasa linapoanzia.

Kwa nini Kyoto, mbona watu wengi wanasema Tokyo?

Tokyo ipo na ni nzuri, unaweza kutembea Asakusa kwenye hekalu la Senso-ji halafu ukapita Kappabashi, mtaa mzima wa vyombo vya jikoni, sufuria, visu, mpaka vyakula vya plastiki vya kuweka dirishani. Soko la Tsukiji la nje lipo bado, ingawa mnada wa samaki ulihamia Toyosu Oktoba 2018, watu wengi wanafika Tsukiji alfajiri wanautafuta na haupo.

Ila Kyoto imekuwa makao ya wafalme toka 794 mpaka serikali ilipohamia Tokyo karne ya 19, zaidi ya miaka elfu moja, na iko mbali na bahari. Samaki wabichi zamani walikuwa wanafika kwa tabu, kwahiyo watu wa hapa wakawa mafundi wa vitu vikavu, mboga, tofu (kama jibini, ila ya soya) na miso nyeupe. Wana mboga zao wenyewe zinaitwa kyo-yasai, kuna bilinganya ya Kamo ya duara kama mpira, kuna kitunguu majani cha Kujo, kuna figili nene ya Shogoin. Na kikubwa zaidi, mji wa zamani unatembeleka kwa miguu. Mitaa imenyooka, imekatana kama mistari ya daftari la hesabu, kupotea ni ngumu. Kutoka Gion, mtaa wa zamani wa nyumba za mbao, mpaka sokoni mpaka jikoni hupandi gari hata mara moja.

Mnapita wapi na wapi?

Kila mwongozaji ana njia yake ila ninayoipenda mimi inaanzia kwenye hekalu la Yasaka, lile lenye geti jekundu linaloangalia mtaa wa Shijo, ambalo ndo lenye sikukuu ya Gion Matsuri kila mwezi wa saba, desturi yake inarudi nyuma mpaka mwaka 869 kulipokuwa na magonjwa ya mlipuko. Hapo mnaingia vichochoro vya Gion, nyumba za mbao, halafu mnavuka mto Kamo, mnapita Pontocho ambako kichochoro ni chembamba kiasi kwamba mkikutana watu wawili mna miavuli mmoja anainua wake. Aliyekulia Lamu au Mji Mkongwe atajisikia yuko nyumbani.

Mnatokea kwenye hekalu dogo la Nishiki Tenmangu, liko katikati ya maduka, lina kisima cha maji baridi ya chini ya ardhi ambayo unaruhusiwa kunywa. Mwambie mwongozaji akuonyeshe lile geti la jiwe lililo mbele yake, ncha zake mbili za juu zimeingia ndani ya kuta za majengo ya pembeni, watu walijenga wakalizunguka badala ya kulikata.

Halafu hapo hapo mnaingia soko la Nishiki lenyewe. Ni mtaa mmoja umeezekwa juu, una urefu wa mita 390 hivi, na maduka kama 130. Wenyewe wanaliita jiko la Kyoto. Wauza samaki wa hapo walipewa ruhusa rasmi mwaka 1615, na sababu ya soko kuwa pale ni yale maji ya chini, yalikuwa yanapoza samaki kabla ya friji kuwepo. Kuna duka la visu la Aritsugu lililoanza 1560. Na kule mwisho wa magharibi kuna kumbukumbu ya mchoraji Ito Jakuchu, alizaliwa 1716 kwenye familia ya wauza mboga wa jumla wa soko hilo, ukiangalia jogoo na mboga alizochora unaelewa alikuwa anaangalia nini toka mtoto.

Msikimbie hapa. Mkiwa na dakika 120 za kutembea, 50 zitumieni sokoni.

Nibuku pakeji moja au nibuku matembezi kwa mtu mmoja na darasa kwa mwingine?

Pakeji moja, labda uwe na sababu kubwa sana. Nasema hivi kwa sababu lilinikuta. Mwaka wangu wa pili hapa mama mdogo alikuja, nikabuku matembezi kwa watu wengine na darasa kwa wengine, nikaona nimebana matumizi, nikaacha dakika 30 katikati. Matembezi yakachelewa kuisha, mvua ikanyesha, tumefika jikoni tumechelewa dakika 25, mwalimu alikuwa na adabu zake hakusema neno ila wenzetu walishaanza na dashi ilikuwa tayari imeshachujwa iko kwenye jagi. Mama mdogo ambaye alikuja kutoka Pongwe hasa kwa ajili ya kuona ile supu inavyotengenezwa hakuiona. Alikula, alicheka na watu, ila mimi iliniuma na inaniuma mpaka leo.

Kwenye pakeji mwongozaji na mwalimu wanajuana, mkichelewa wanangoja, na vizuri zaidi ni kwamba mnanunua sokoni kile mtakachopika. Ukilazimika kutenganisha basi acha angalau saa moja na nusu katikati. Na kabla ya kulipa uliza swali hili: matembezi yanachukua muda gani na tunapita wapi? Kuna sehemu neno matembezi maana yake ni dakika 20 kwenda supamaketi ya jirani na kurudi.

Bei je?

Ninazoziona mimi kwa kundi zinacheza kati ya yeni 8,000 na 15,000 kwa mtu mmoja, chakula kikiwemo. Binafsi, yani nyie peke yenu, inapanda sana. Angalia kama bei ina kodi ndani, na kama vitu vya kuonja sokoni vimo au mnalipa wenyewe. Tembea na keshi kidogo, vibanda vingine havichukui kadi. Bakshishi hawapokei, usihangaike kuwabembeleza, ukitaka kumfurahisha mwalimu mletee zawadi ndogo kutoka nyumbani, pakiti ya kahawa ya Kilimanjaro au iliki inatosha na wataifurahia kweli.

Mimi ni Muislamu. Darasa lisipokuwa na nguruwe si basi nimemaliza?

Hapana, na hapa ndo wengi wanajikwaa. Nguruwe ni rahisi kumkwepa, unamsema mara moja tu na wao wanaelewa. Shida iko kwenye chupa mbili zinazokaa pembeni ya jiko kila nyumba, sake ya kupikia, yani pombe ya mchele, na mirin. Mirin ni tamu kama shira, inaingia kwenye teriyaki (mchuzi mtamu wa kupaka samaki au nyama), kwenye mayai, kwenye mchuzi wa tambi, na mirin halisi ina pombe kama asilimia 14. Mpishi wa Kijapani haihesabu kama pombe, kwake ni kiungo, kwahiyo ukimuuliza kuna pombe? anakujibu hamna kwa moyo safi kabisa. Na lile la kwamba ikichemka pombe inaisha yote, haliko hivyo, inapungua lakini kuna inayobaki.

Kwahiyo usiulize kijumla, taja kwa majina: nguruwe hapana, mirin hapana, sake ya kupikia hapana. Andika meseji wiki moja kabla, sio asubuhi ya siku hiyo. Mwalimu mzuri atakwambia atatumia sukari na maji kidogo badala ya mirin na kweli inakubali. Kuhusu soya sosi, ile yenyewe ikichachuka inazalisha pombe kidogo sana ya asili, na zingine pamoja na baadhi ya miso wanaongeza pombe ya kuhifadhia, kwenye lebo imeandikwa 酒精. Zipo zisizoongezwa na zipo zenye cheti cha halali. Kipi kinafaa kipi hakifai muulize shehe wako, mimi nakupa tu majina ya kuangalia. Na picha ya herufi 豚 iweke kwenye simu, hiyo ni nguruwe.

Kuku na nyama ya ng'ombe swala la kuchinja ni lile lile, kama hujapata darasa la halali mwambie apange menyu ya samaki na mboga. Kwa Kyoto hiyo wala sio adhabu, ndo chakula chao bora.

Na kuswali?

Darasa likiwa saa nne mpaka saa nane adhuhuri itakukuta jikoni au njiani kutoka. Muombe mwalimu nafasi, nyumba za zamani zina vyumba vya mikeka ya tatami safi kabisa na viatu mmeshavua mlangoni, mimi sijawahi kukataliwa. Udhu bora utie mapema. Uwanja wa ndege wa Kansai una chumba cha kuswalia.

Sili samaki, nyama wala mayai. Nitafaidi kitu?

Utafaidi ila sema mapema, kwa sababu ile dashi ina samaki ndani na inajificha kila mahali, hata kwenye mboga ya majani iliyokaa kwenye sahani peke yake inaonekana haina hatia. Omba dashi ya kombu na uyoga mkavu wa shiitake. Watawa wa Kibudha huku wamekuwa wakipika hivyo karne na karne, mtindo wao unaitwa shojin ryori, kwahiyo huombi kitu kigeni. Kuna tofu, kuna yuba ambayo ni ile ngozi inayoganda juu ya maziwa ya soya yakichemka, inavuliwa na kijiti, laini mno.

Mwenye aleji ya ngano ajue soya sosi ya kawaida ina ngano. Karanga, kamba, kaa, mayai, andika kila kitu.

Mnapika nini hasa? Sushi?

Sushi ipo kwa wanaoitaka, lakini Mjapani nyumbani hapiki sushi kila siku kama ambavyo sisi hatupiki biriani kila siku. Mimi nawashauri mchukue menyu ya nyumbani: wali, supu ya miso, mayai ya kukunja yanayoitwa dashimaki, mboga moja ya ufuta na samaki wa kuchoma.

Wali wao ni mfupi mnene, unaoshwa mpaka maji yaache weupe yawe karibu safi, unalowekwa nusu saa, unapikwa bila chumvi bila mafuta bila nazi. Watu wetu wananiuliza utamu uko wapi sasa. Utafune pole pole.

Dashimaki ndiyo inayonoga kupika. Mayai matatu, dashi kama robo kikombe, chumvi, tone la soya sosi. Kikaango ni cha mstatili. Unamwaga mchanganyiko kidogo, ukianza kushika unaukunja kama mkeka, unausogeza pembeni, unapaka mafuta, unamwaga tena, unaunyanyua ule mkunjo ili mchanganyiko mpya upite chini yake, unakunja tena, safari nne tano. Wa kwanza utapasuka, usijali, wa pili unafunika makosa ya wa kwanza. Kyoto hawaweki sukari, au wanaweka kidogo mno, Tokyo wanaweka. Ukilikata likatoa maji ya dashi kidogo ujue umepatia.

Halafu mboga ya ufuta. Unakaanga ufuta mkavu mpaka uanze kurukaruka, unaumwaga kwenye bakuli la udongo lenye mikwaruzo ndani, linaitwa suribachi, unasaga na mti. Siku ya kwanza nilivyosaga ile harufu ikapanda nikakumbuka kashata za ufuta za bibi, mwalimu akaniuliza mbona umenyamaza nikamwambia. Akanieleza kwamba Japani inaagiza karibu ufuta wake wote kutoka nje, na Tanzania ni moja ya nchi zinazowauzia. Yani kile unachosaga kule jikoni Kyoto inawezekana kabisa kimelimwa Lindi au Mtwara. Unachanganya na sukari kidogo na soya sosi, unatia mchicha wao uliochemshwa dakika moja tu ukakamuliwa. Kila Mtanzania niliyempeleka ameomba kuongezwa.

Lazima nile samaki mbichi?

Hulazimishwi.

Kijapani sijui, Kiingereza changu nacho cha kuunga unga.

Darasa nyingi za wageni ni kwa Kiingereza chepesi, na jikoni mikono ndo inayoongea. Kwa Kiswahili sijapata kukutana na darasa. Kuhusu mwongozaji, zamani ilikuwa lazima awe na leseni ya serikali ndo alipwe, sheria ikabadilika Januari 2018, sasa hivi yeyote anaweza kufanya. Wenye leseni wapo bado na mtihani wao ni mgumu, historia wanaijua hasa, kwahiyo ukitaka maelezo ya kina uliza kama anayo. Ila nimewahi kutembea na mama mmoja hana leseni, amezaliwa mitaa miwili kutoka sokoni, kila muuza duka anamuita kwa jina, na siku ile nilijifunza vitu ambavyo sijawahi kuvisikia tena.

Maneno mawili yajue: *itadakimasu* kabla ya kula na *gochisosama* baada ya kula. Na vijiti usivisimamishe wima ndani ya wali wala usimpe mwenzio chakula kutoka kijiti kwa kijiti, vyote viwili ni mambo ya msibani.

Nakuja na mama, miaka 68, magoti yanamsumbua. Na mtoto wa miaka saba.

Bimkubwa anaweza, Kyoto katikati ni tambarare. Epuka njia zinazopanda hekalu la Kiyomizu, kule ni mlima na ngazi. Uliza kama wana meza na viti, sehemu nyingine mnakaa chini kwenye tatami na kwa mtu wa magoti ni mateso, tena jikoni za nyumba za zamani zina kizingiti kirefu cha kupanda. Mtoto inategemea darasa, wapo wanaopokea toka miaka sita, wapo hawataki chini ya kumi na mbili kwa sababu ya visu.

Nivae nini?

Viatu vya kutembea ambavyo vinavulika haraka, mtavua mlangoni. Soksi safi, nzima. Mikono ya baibui au kanzu iwe inapandika juu, karibu na moto nguo zinazopepea ni hatari, eproni watakupa. Mwezi wa saba na wa nane Kyoto inapita nyuzi 35, na joto lake limefungiwa na milima pande tatu, upepo wa bahari haupo, msidhani kwa kuwa tumetoka Dar basi tumezoea. Januari ni baridi ya kuingia kwenye mifupa, zile nyumba za mbao ndani ni baridi kama nje.

Msimu gani na siku gani?

Maua ya sakura ni mwisho wa Machi mpaka mwanzo wa Aprili, majani mekundu ni Novemba katikati kwenda mwisho, mji unajaa na nafasi zinaisha miezi miwili kabla. Mimi napenda mwanzo wa Desemba, watu wamepungua na sokoni zinaanza kutoka achari za turnipu ya Shogoin zilizokatwa nyembamba kama karatasi. Jumatano na Jumapili maduka mengi ya Nishiki yanafunga, chagua Jumanne, Alhamisi au Ijumaa. Na nenda asubuhi, mchana mle ndani ni foleni.

Kuna makosa ya kuepuka mtaani?

Gion usipige picha kwenye vichochoro vya watu binafsi, toka 2019 kuna vibao vinavyosema faini yeni 10,000, na 2024 baadhi ya vichochoro vilifungwa kabisa kwa watalii kwa sababu watu walikuwa wanawafukuza wale kina dada wa maiko, yani wanaojifunza ugeisha, na simu kama wanyama wa mbugani. Fikiria mtu anamkimbiza dada yako akienda kazini. Sokoni usile huku unatembea, kula pale pale mbele ya duka uliponunulia umrudishie mwenye duka kijiti, mapipa ya taka mtaani hakuna. Kile kipweza kidogo chekundu kwenye kijiti, chenye yai la kware ndani ya kichwa, wote mtakitaka, haya kuleni, ila ulizia kwanza kama mchuzi wake una mirin.

Saa nne ya wapi?

Swali zuri kuliko linavyoonekana. Japani iko masaa sita mbele ya Afrika Mashariki. Na sisi tukisema saa nne tunamaanisha 10:00, sasa kwenye kikundi cha familia mmoja aliandika "darasa saa 4", mwingine akapanga kufika 16:00. Andikeni 10:00, basi.

Viza na kufika?

Watanzania, Wakenya na Waganda tunahitaji viza, unaombea ubalozini kabla ya safari, na wanataka kuona ratiba ya siku zako, karatasi ya booking ya darasa iweke humo. Ukishukia Kansai kuna treni inaitwa Haruka, saa moja na robo hivi mpaka stesheni ya Kyoto. Kutoka hapo chukua treni ya chini ya ardhi laini ya Karasuma, vituo viwili tu mpaka Shijo, Nishiki iko dakika chache kwa miguu.

Nikirudi nyumbani nitapikaje, kombu nitaitoa wapi Tanga?

Nunua pale pale sokoni, kombu na katsuobushi ni vikavu, vyepesi, vimefungwa, vinakaa miezi. Kisu weka kwenye begi la kupakia chini, sio la mkononi.

Vipimo: maji lita moja, kombu gramu 10, loweka nusu saa, pasha moto wa chini, vipovu vidogo vikianza kutoka pembeni ya sufuria itoe, isichemke itatoa utelezi na uchungu. Maji yakichemka zima, tia katsuobushi gramu 20 mpaka 30, ziache dakika moja au mbili zizame zenyewe, chuja kwa kitambaa bila kukamua. Alikuwa profesa Ikeda Kikunae, mzaliwa wa Kyoto, ambaye mwaka 1908 aligundua kile kinacholeta ladha kwenye kombu na akaipa jina umami, na kombu ikikutana na katsuobushi ladha inapanda kuliko ukijumlisha moja na moja. Maji ya Kyoto ni laini, ya visima vyetu mengi yana chumvi, tumia ya chupa.

Na zikiisha? Hapa ndo habari niliyokuwa nasubiri kuwapa. Wajapani wana dashi nyingine ya kila siku inaitwa niboshi, na niboshi ni dagaa. Dagaa wa baharini wakavu, hao hao. Siku ya kwanza mwalimu aliponipa bakuli la niboshi nikatoe vichwa na matumbo nilicheka kwa sauti, nimefanya kazi hiyo toka nina miaka minane uani kwetu. Chukua dagaa wa pwani waliokauka vizuri bila chumvi, mkono mmoja uliojaa kwa lita moja, toa kichwa na ule uchafu mweusi wa tumboni maana huo ndo unaoleta uchungu, loweka usiku kucha, asubuhi chemsha moto mdogo dakika kumi huku unaengua povu, chuja. Tia kijiko cha miso, mchicha, tofu kama umeipata, kitunguu majani. Mama mdogo sasa hivi anaipika Pongwe kila Ijumaa, na kaiongezea ndimu.